Sura Yangu Juu ya Mahari Yake

Mama mmoja aliingia katika chumba changu cha kazi asubuhi moja, akavuta kiti kabla sijamkaribisha, akasema anataka kasete ya video ya mahari yake. Sikumtambua. Nilikuwa nimepiga picha za mahari nyingi mno, na mabibi harusi wote hufanana wakishafunikwa kitenge hadi usoni. Akanikumbusha: ni mwaka ule kabla ya vita ya pili kutufikia hapa Bukavu, kwao milimani Walungu, siku mvua ilipotunyeshea tukala chini ya maturubai. Hapo nikamkumbuka, ingawa niliyakumbuka zaidi matope.

Hakuja kwa ajili ya ukumbusho. Mumewe alikuwa amekufa miezi mitatu nyuma kwenye barabara ya Kamituga, gari la ofisi yao liliposhambuliwa. Walikuwa na watoto wawili na nyumba huko Nguba, nyumba nzuri yenye madirisha yanayotazama ziwa. Sasa ndugu za marehemu waliitaka nyumba.

"Banasema sikuolewaka," aliniambia. "Banasema nilijiletaka mi mwenyewe mu nyumba ya mutoto yabo. Siku ya yenga ingine banakuya kukaa kikao kwangu. Kama sina kitu ya kubaonyesha, ninatoka na batoto."

Nikahesabu siku zilizobaki kufika Jumapili hiyo, nikamuuliza kuhusu karatasi za serikali. Hakuwa nazo. Walipokuwa wanajiandaa kwenda kuandikisha ndoa, vita ilifika, ofisi ikafungwa, na baadaye maisha yakawa ya kukimbia na kurudi. Baba yake alikuwa ameshakufa. Mjomba wake, aliyekuwa na baba siku ya kumpokea ng'ombe wa mahari, alikimbilia ng'ambo ya mpaka na hakuna aliyejua yuko kambi gani. Na ile kopi ya kasete niliyowapa baada ya sherehe, askari waliichukua pamoja na mashine ya video, ikiwa bado imo tumboni mwake.

"Lakini weye ulibakiaka na ile mama ya kasete," alisema, yaani ile ya kwanza niliyotolea kopi. "Uliniambiaka unachungaka zote."

Ni kweli nilimwambia. Nilikuwa nawaambia wateja wangu wote hivyo, kifua mbele. Nikamwomba siku mbili za kuitafuta. Sikuwa na cha kutafuta: kasete ilikuwa kwenye rafu nyuma ya mgongo wake, ya tatu kutoka kushoto, na nilijua kilichomo. Ndani yake nilikuwemo mimi.

Niseme mapema kwamba mimi ni mtu asiyetulia. Mama yangu alikuwa akisema nilizaliwa na haraka, na haraka yenyewe haikuniambia naenda wapi. Sisi ni watu wa duka. Babu alitoka pwani akafika Uvira na robota za nguo, baba akahamia Bukavu, na hakuna aliyeniuliza kama mimi pia napenda kukaa nyuma ya meza nikipima vitambaa. Sikupenda. Lakini katika kona ya duka baba aliweka kasete za filamu za kukodisha na mashine mbili za video, na kona ile ndiyo iliyoniokoa, au iliyoniharibu.

Baba alikuwa mtu wa swala tano. Hakutaka watu waseme duka lake linakodisha aibu. Hivyo kazi yangu ya kwanza ya kukata picha, nikiwa bado mwanafunzi, ilikuwa kuondoa busu. Mashine moja inacheza, ya pili inarekodi, na kidole changu kiko kwenye kitufe. Midomo ikikaribiana nasimamisha, ikiachana naachilia. Wateja walilalamika kwamba katika filamu zetu watu wanagombana, halafu ghafla wana mtoto. Baba alifurahi. Mimi nilijifunza kwamba ukikata vizuri, mtu haoni kama kuna kitu kimeondoka. Laiti ningekuwa na akili, ningeliogopa jambo hilo badala ya kulifurahia.

Kutoka hapo sikukaa mahali. Nilinunua kamera kubwa ya begani, ile inayomeza kasete nzima, nikawa mpiga picha wa harusi, mahari na misiba. Harusi zikanichosha. Nikaingia kwenye televisheni ndogo ya mjini, chumba kimoja na nusu juu ya duka la dawa, kama mkataji wa picha. Vita ya kwanza ikapita juu yetu tukiwa mle, tukiunganisha habari huku tumelala chini sakafuni. Vita ya pili ilipokuja, mtangazaji wetu alivuka mto wa Ruzizi, mpakani, asubuhi na familia yake yote na hakurudi. Mkurugenzi alitutazama tuliobaki, mmoja mmoja, akanionyesha kwa kidole.

"Weye uko na koti," alisema.

Koti nilikuwa nalo kwa sababu ya harusi. Basi ndivyo nilivyopita kutoka nyuma ya kamera kwenda mbele yake. Nilisoma matangazo ya vifo, ya vitambulisho vilivyopotea, ya maji kukatika, na chochote ambacho wakubwa wa siku hiyo walitutumia tusome. Nilipenda. Sitajificha hapa: nilipenda sana. Mji ulikuwa na njaa na hofu, na mimi nilikuwa napita mitaa ya Kadutu nikisubiri watu wanisalimu. Siku ambayo ningekuwa hewani kwa mara ya kwanza, nilitaka nijihifadhi. Nilitaka siku moja nijitazame.

Kasete hazikuwepo. Mpaka ulikuwa unafungwa na kufunguliwa kwa hasira za watu tusiowajua, na kasete mpya ilikuwa adimu kuliko sukari. Kule kwenye televisheni tulirekodi habari za leo juu ya habari za jana, na za kesho tukazirekodi juu ya za leo. Ndiyo ilikuwa desturi ya kazi. Kila kasete mjini ilikuwa na watu waliolala chini ya watu wengine, na hakuna aliyeona ni dhambi. Mchana wa siku yangu ya kwanza hewani nilipita nyumbani mbio, nikanyoosha mkono kwenye rafu, nikashika ya mahari ya Walungu. Niliwaza: hawa wana kopi yao. Nikaichukua, na jioni nikajirekodi dakika arobaini, nimevaa koti langu la kahawia.

Haikunisaidia chochote. Baada ya wiki chache nilisoma tangazo moja la wakubwa kwa sauti waliyoona ina kejeli. Nikaitwa, nikakalishwa kwenye benchi siku nzima bila kuulizwa kitu, kisha nikarudishwa kwenye mashine zangu za kukata. Nikasusa, nikaacha kazi. Kisha shirika moja likanichukua niigize katika filamu ya kuwafundisha watu juu ya kipindupindu. Mimi nilikuwa yule baba asiyenawa mikono. Waliionyesha filamu hiyo kila mahali, hata Luberizi kwenye mashamba ya mpunga, juu ya shuka jeupe. Kwa mwaka mzima wanawake wa sokoni walikataa mkono wangu. "Papa ya kolera", waliniita, na nilipowaambia ni maigizo tu walinijibu kwamba hakuna mtu anayeweza kuigiza uchafu vizuri namna ile. Nilirudi kwenye chumba changu, na mashine zangu mbili, na hasira zangu.

Hapo ndipo yule mama aliponikuta.

Alirudi baada ya siku mbili, kama tulivyoagana. Nilikuwa nimejitayarishia uongo. Nikamwambia unyevu umeiharibu kasete, kwamba vita iliacha madirisha bila vioo, kwamba hata mimi moyo unaniuma.

"Niiwone," alisema.

"Maman, hakuna kitu cha kuona."

"Niiwone ile hakuna kitu."

Nikaiweka. Nikatokea mimi, na koti, na karatasi mkononi, nikisoma jina la mtu aliyepoteza kitambulisho. Mama alinitazama kwenye kioo cha televisheni, kisha akageuka akanitazama mimi niliyesimama pale, kisha akarudi kwenye kioo.

"Dote iko wapi?" aliuliza, yaani mahari.

"Iko chini yake."

"Chini ya nani?"

"Chini yangu, Maman."

Nilisubiri anitukane. Ningependa anitukane, kwa sababu matusi nayajua, na nina majibu yake. Aliketi mbele ya televisheni. Aliniacha nisome matangazo yote, dakika zote arobaini, na mimi nimesimama kando nikijisikiliza. Sikuwahi kusikia sauti mbaya kama ile. Kila mahali nilipodhani nilikuwa nimependeza, nilikuwa nimenyoosha shingo tu. Nilitamani umeme ukatike, na siku hiyo, kwa bahati yangu, haukukatika.

Nilipoisha, kioo kikachemka weupe, halafu ikatokea mvua. Mkia wa sherehe ulikuwa umebaki: dakika saba. Watu wanakula chini ya turubai. Shemeji zake wanafuta sahani kwa majani ya migomba. Mumewe anapita na kreti ya vinywaji begani, anasema kitu, watu wanacheka. Mama aliniomba niirudishe. Nikairudisha mara tatu, na mara ya tatu alikuwa ameziba mdomo kwa kitenge.

"Hii haitatosha," alisema alipopata sauti. "Ni bantu banakula. Batasema ilikuwaka anniversaire, siku ya kuzaliwa ya mutu."

"Naona."

"Uliondoa. Sasa rudisha."

Nilimweleza kwamba hairudi. Kilichofutwa kimefutwa, hakuna mashine ya kukichimbua. Lakini kinywa changu hakikuishia hapo. Nilijisikia nikimwambia kwamba ninazo mahari za watu wengine, za milima ileile, za majira yaleyale ya mvua, na kwamba wazee wakipigwa picha kwa nyuma wanafanana. Nikamwambia naweza kuanza na hizo, nimalizie na mkia wake wa kweli wenye sura za shemeji zake, na hakuna atakayeona mahali nilipounga. Nilisema yote hayo kwa haraka, kama muuzaji. Aibu ilikuja baadaye, nilipokuwa peke yangu. Hofu nayo ikaja, kwa sababu siku zile mtu alikuwa anaweza kupotea kwa makosa madogo kuliko kutengeneza ushahidi wa uongo.

Mama alifikiri kidogo tu. "Fanya," alisema.

Nilifanya kazi alasiri tatu, kila umeme ulipotutembelea. Kukata kwa mashine mbili kunataka subira, na mimi subira ninaiazima. Unajenga kutoka mwanzo kwenda mwisho, picha moja baada ya nyingine, na ukitaka kubadilisha kitu katikati, vyote vinavyofuata unavirudia. Niliweka migongo ya wazee. Nikaweka mikono ikimimina kasiksi, pombe yao ya ndizi, kwenye kibuyu. Nikaweka miavuli, nyayo kwenye matope, mwanamke akipiga vigelegele akiwa ameinama. Halafu ikabidi aingie ng'ombe, maana bila ng'ombe hakuna mahari kwa Washi, watu wa milima ile, na kila kitu kingine ni maneno tu.

Nilikuwa na ng'ombe wawili waliopigwa picha kwa mbali, ambapo anayewaongoza haonekani sura. Mmoja alikuwa mweusi, mnene, anang'aa. Wa pili alikuwa amekonda, mbavu zinahesabika, mkia umegandamana kwa uchafu. Sijui kitu juu ya ng'ombe. Mimi ni mtoto wa dukani, na kwangu ng'ombe ni miguu minne na harufu. Lakini hata mimi nilijua yupi wa kumweka. Nikamweka yule mnene.

Mama alikuja kuangalia siku ya tatu. Aliacha picha zipite mpaka alipotokea ng'ombe.

"Uko na ingine?"

Nikamwonyesha yule aliyekonda, nikicheka kidogo. Yeye hakucheka. Alisogeza kiti karibu na kioo, akamtazama yule mnyama kwa muda mrefu kuliko alivyonitazama mimi siku ile ya koti.

"Weka hii."

"Maman, huyu ni mifupa tupu. Kikao kitasema mahari gani hii."

"Weka hii hii."

"Nikimbadilisha nitarudia kila kitu kutoka hapa. Kila kitu. Na umeme unajua mwenyewe."

"Weye unajua kasete," alisema. "Miye nilikomalia mu ng'ombe tangu utoto."

Nilirudia yote nikitukana chinichini, naye akiwa amekaa pale pale, anasikia. Sikuelewa kwa nini anaharibu kazi nzuri. Nilijiambia huzuni imemchanganya.

Jumapili ile nilifika Nguba baada ya watu kutoka misa. Nilikuwa nimebeba kamera yenyewe, kwa sababu mashine za chumbani zilikuwa nzito, na kamera ile kubwa ilikuwa inaweza kuonyesha kasete ukiiunga na televisheni kwa waya. Televisheni tuliazima kwa jirani. Watoto walikuwa wamepelekwa kwa rafiki. Sebuleni walikuwepo kaka wawili wa marehemu, mmoja mfanyakazi wa ofisi mwenye kalamu mfukoni, mwingine mdogo aliyekuwa ameshaanza kupima madirisha kwa macho. Katikati yao alikaa baba yao mdogo, mzee aliyeteremka kutoka milimani kwa ajili ya kikao, kofia magotini, fimbo kati ya miguu. Yeye ndiye aliyeongoza upande wa bwana harusi siku ile ya mvua. Tangu nilipoingia hakuwahi kumtazama yule mama usoni, na nikaelewa kwamba walishakubaliana atakachosema.

Alikisema mapema. "Miye sikumbuke dote," alisema akitazama kofia yake. "Bantu balikulaka, ndiyo. Kula haiko dote."

"Papa, muangalie tu," mama alimjibu kwa heshima. "Nyuma ya kuangalia mutasema."

Nilikosa tundu la waya mara mbili. Nikawasha. Migongo ya wazee ikapita. Kasiksi ikamiminwa. Miavuli. Yule mwenye kalamu alikunja uso, akamtazama mdogo wake, na niliona wameanza kupata wasiwasi. Kazi yangu ilikuwa nzuri, Mungu anisamehe. Nilihesabu picha moyoni: nyayo, vigelegele, sasa ng'ombe.

"Simamisha," mzee alisema.

Nikasimamisha.

"Rudisha nyuma."

Nikarudisha. Ng'ombe akaingia tena na mbavu zake. Mzee aliniamuru nimsimamishe hapo, akainuka kwa fimbo, akaenda mpaka kwenye televisheni, akaweka kidole juu ya kioo. Nilijua amegundua, nilijua sasa nimekwisha, na nilikuwa tayari nimepima umbali wa mlango.

"Hii kitu ni ya nani?"

"Ni ng'ombe ya dote, Muzee," nilijibu.

"Dote ya nani?"

"Ya hapa. Ya huyu maman."

Mzee aligeuka, na sikuwahi kuona mtu amekasirika namna ile bila kupaza sauti. "Miye?" alisema. "Miye nipeleke hii mifupa kwa bantu? Mbele ya jamaa yote? Ng'ombe yenye nilitoaka, nilikomesha mi mwenyewe tangu iko ndogo. Ilikuwaka nyekundu, inang'aa, na pembe yake ya kuume ilikuwaka inapinda ku jicho. Bantu ya kilima yote baliijua. Na weye unanileteya hii?"

"Papa, tafazali," alisema yule mwenye kalamu.

"Nyamaza! Iko ng'ombe yangu ya dote huyu anasemea."

Halafu akasikia alichosema. Sote tulisikia. Mdogo aliacha kutazama madirisha. Kwenye kioo yule ng'ombe aliyekonda alikuwa anatetemeka mahali pamoja, kama picha za kasete zinavyotetemeka zikisimamishwa, na mzee akawa anamtazama yeye badala ya kututazama sisi. Bado alikuwa na nafasi. Angeweza kusema alizungumzia mahari nyingine, ya binti mwingine, na watoto wa kaka yake walikuwa wamesogea mbele kwenye viti wakimngoja aseme hivyo. Lakini kama angesema hivyo, kasete ile ingebaki, na mifupa ile ingebaki ndani yake kwa jina lake, na siku moja mtu wa kilimani kwao angeiona. Niliona anapima mambo hayo mawili, nyumba na ng'ombe, na sikuwa na uhakika hata kidogo.

"Futa ile," aliniambia mwishowe.

Kabla sijajibu, mama alisema. Sauti yake ilikuwa ndogo. "Papa, kasete iko moja tu. Kama munataka ile itoke, museme yenu ya kweli. Ye huyu wa kamera atafilme juu yake."

Nilimtazama. Ndipo nilipoelewa kwa nini alikataa yule mnene. Angemweka mbele yake ng'ombe mzuri, mzee angekaa kimya na kumwacha apite.

Mzee alirudi kwenye kiti. Akavaa kofia, akaivua, akaivaa tena. Akauliza kama inaonekana imekaa sawa. Nilichomoa waya, nikairudisha kasete mwanzo kabisa, nikaweka kamera begani. Katika miaka yote ile, kila nilipokuwa nyuma ya kamera nilitaka kuwa mbele yake, na nilipokuwa mbele nilitaka kuikimbia. Siku hiyo mguu wangu ulikuwa unachezacheza kama kawaida, nikaubana kwenye ukuta ili picha isitikisike.

Akaanza na ng'ombe, bila shaka. Alisema mama wa ng'ombe yule alikuwa yupi, na maziwa yake yalikuwaje, na jinsi alivyokuwa hataki kuitwa na mtu mwingine. Alisema siku ya mahari mvua iliwakuta njiani, na kwamba vijana wanne walitaka kushika kamba. "Mutoto yetu alikataaka," alisema. "Alisema ng'ombe ya bibi yake atailetaka yeye mwenyewe. Alivaa pantalon mupya, suruali ya sikukuu. Alianguka mu matope, pale ku kateremko, puu! Na kamba hakuiachilia. Ng'ombe ikamukokota, na ye anacheka tu."

Mama alikuwa amekaa chini kwenye mkeka. Hili hakulijua. Bibi harusi wakati huo huwa ndani, amefunikwa, hajui kinachoendelea njiani. Alilia kwa sauti, huku anacheka, na mzee kwa mara ya kwanza akamtazama usoni.

"Baba yake alizunguka ile ng'ombe mara mbili," aliendelea, na sasa alikuwa anazungumza naye, si na kamera. "Alitafuta kilema. Akakosa. Akanipa mukono. Nyuma ya pale ulikuwa bibi ya mutoto yetu, na leo uko bibi ya mutoto yetu. Njo ile, imekwisha."

Yule mdogo alitoka nje na kufunga mlango kwa nguvu. Sikumfuata kwa kamera. Mwenye kalamu alibaki ameinamisha kichwa, kisha akasema taratibu kwamba nyumba ni ya watoto na mama yao, akayataja majina ya watoto wote wawili, nami nikarekodi hilo pia. Mzee aliomba kujiona. Nikamwonyesha. Alisema amezeeka, lakini ameeleza habari za ng'ombe wake vizuri.

Walipokwenda kunywa chai, nilibaki nakunja waya. Nilimwambia mama kwamba ninasikitika, kwamba lile la koti litaniuma mpaka nife. Hakunijibu kwamba si neno. Alinyoosha mkono nimpe kasete, akaigeuza juu na chini.

"Namna gani mutu hatarekodi tena juu yake?"

Nikamwonyesha kile kipande kidogo cha plastiki kwenye mgongo wa kasete. Kikivunjwa, mashine yoyote inakataa kurekodi juu yake. Hata mtoto anaweza kukivunja. Alikwenda jikoni, akarudi na kisu cha mezani, akakivunja mwenyewe mbele ya macho yangu, akafungua mkono wangu na kuniwekea kile kipande kiganjani. Miaka yote ile ya kazi sikuwahi kukivunja kwenye kasete ya mteja hata mmoja, kwa sababu kila mara nilifikiri huenda nitaihitaji.